Nilimwambia ajumlishe degre zote

Mhariri, lifiche jina langu, na kijiji changu usikitaje. Nina miaka thelathini na minne, ni mwalimu upande huu wa Kasongo, na watu wananivulia kofia. Kazi hii niliipata kwa uongo mmoja wa hesabu.

Tulibaki wawili kwenye mtihani wa kwenda kusomea ualimu, na nafasi ilikuwa moja. Mwenzangu, mtoto wa wakulima wa Kabambare, alinishinda akili, na wivu ulinitafuna. Siku padri, mwalimu wetu wa hesabu, alipofundisha polinome, zile hesabu za x zenye namba ndogo juu, yeye alikuwa amekwenda kumzika mama yake. Aliporudi, kichwa kimenyolewa kwa msiba, akaniuliza, "Ndugu, degre ya polinome iko nini?"

Jibu nililijua: ni ile namba kubwa kuliko zote zinazokaa juu ya x. Nikamwambia, "Iko sawa na masomo yetu. Tulimaliza degre ya kwanza ya shule, tukaongeza ya pili. Unajumlisha zote."

"Aksanti, ndugu. Weye tu njo ulinifikiria."

Mtihani ulikuwa wa ubaoni. Juu ya x zilikaa tano, tatu na mbili. Akajibu kwa sauti safi: kumi. Darasa lilicheka, na mimi nilicheka kuliko wote. Yeye akatolewa nje, akidhani amekosea kujumlisha tu; mimi nikasema tano, nikapata nafasi. Yeye akaenda kuvunja mawe ya dhahabu huko Salamabila.

Mwaka huu mgodi ule ulitafuta karani, nami nikaitwa kusaidia kusimamia mtihani. Akaja, mikono imejaa sugu, akajumlisha tena. Mzungu wa mgodi akamuuliza nani alimfundisha upuuzi ule. Akaninyoshea kidole huku akitabasamu. "Ni huyu mwalimu. Tulisoma pamoja."

Nikasema simjui. Akaomba radhi, akasema labda amenifananisha.

Juzi nimepata barua yake. "Ndugu, najua uliogopa muzungu, siko na kinyongo. Nazani nilikosea kujumlisha tu, sasa nimejumlisha polepole. Watanipima tena mara moja, ya mwisho. Unisahihishie hii mazoezi." Hesabu zote ni safi kabisa, isipokuwa degre. Zote amejumlisha.

Nikimrekebisha, atajua nilichomfanyia tangu siku ile ya msiba. Nilichukua kalamu nyekundu, nikaandika pembeni: vema sana.

Karatasi bado iko mezani kwangu. Ndugu wasomaji, nishaurini, niitume hivi ilivyo au nimwambie ukweli? Msikawie, kwani nasikia kila lori linalotoka Kasongo analikimbilia kuuliza kama limebeba jibu langu.