Mistari Mitatu ya Jalada la Nyuma

Kuna watu ukikaa nao huna raha ya kudanganya hata kidogo. Mmoja wao alikuwa mwanamke wa miaka arobaini na miwili, mfanyakazi wa kiwanda cha kuchapa madaftari ya shule, ambaye jina lake alilopewa na wazazi hata wenzake kazini walikuwa wamelisahau. Walimwita Je Wajua. Kazi yake ilikuwa kupanga kwenye kompyuta jalada la nyuma la daftari: juu jedwali la kuzidisha, katikati vipimo vya urefu na uzito, na chini kabisa kisanduku kidogo chenye kichwa hicho hicho, “Je, Wajua?” Jedwali alilikuta, na saba mara nane ni hamsini na sita hata ukasirike vipi. Lakini kisanduku kilikuwa chake peke yake, mistari mitatu, wala haipungui wala haizidi.

Alikipenda jamani. Alikuwa na bati la biskuti lililojaa vikaratasi, kila kimoja na jambo lake. Popo si kipofu, anaona. Nundu ya ngamia haina maji, ina mafuta. Pweza ana mioyo mitatu. Radi inaweza kurudia pale pale ilipopiga jana. Sheria yake ilikuwa moja: jambo haliingii kwenye jalada mpaka alikute katika vitabu viwili. Na mshahara wake wa kweli ulikuwa neno moja, kumbe. Ukimwambia mtu kwamba mbuni hafichi kichwa mchangani, macho yanamtoka, halafu anavuta lile neno, kumbeee, na Je Wajua anashiba siku nzima. Kama wewe hujawahi kuisikia raha hiyo, basi hujawahi kumsahihisha shemeji yako mbele ya watu.

Methali moja tu aliichukia, lisemwalo lipo. Ukiisema mbele yake umejitakia. Alikuwa anasema nusu ya yanayosemwa hayapo, na nusu iliyobaki yapo lakini si hivyo. Watu walimchoka, tusifichane. Kwenye misiba ya majirani walikaa mbali naye, maana alishawahi kumkatiza mzee wa watu katikati ya rambirambi kumweleza kwamba moyo hauko kushoto kama tunavyodhani, uko karibu na katikati ya kifua.

Sasa, mganga hajigangi. Nyumbani kwao, alikoishi na mama yake, kulikuwa na kisa kilichosimuliwa kwa kila mgeni. Kaka yake, aliyemzidi miaka mitatu, alipokuwa mdogo alikuwa na kifafa. Kilimwanza akiwa na miaka sita, kikamwacha akiwa na kumi na miwili, na katika miaka hiyo yote mama yao hakutoka mlangoni bila kijiko mfukoni, kimeviringishwa kitambaa. Mtoto akianguka, mama alimpanua meno kwa nguvu zake zote na kukipenyeza kijiko, ili mtoto asimeze ulimi akafa. Mtoto alipokuwa na miaka tisa meno mawili ya mbele yalivunjika, na taya likakaa upande. Mama alikuwa anasema meno ni meno tu, pumzi ndiyo mtu. Kaka mtu akakua, akawa fundi wa kuchomelea vyuma, akaoa, na mpaka leo akicheka huweka kiganja mdomoni. Familia nzima iliamini yuko hai kwa sababu ya kijiko kile.

Basi siku moja mashine inasubiri, msimamizi anagonga saa yake kwa kidole, na kikaratasi alichokuwa amekiandaa Je Wajua kina mistari miwili tu. Akakiweka kando, akaandika kingine papo hapo: mtu akianguka kifafa, mtie kijiko katikati ya meno, asije akameza ulimi. Mistari mitatu kamili. Vitabu viwili havikutafutwa, vya nini? Jambo lenyewe alikuwa ameliona kwa macho yake tangu utotoni. Madaftari yakatoka, yakafungwa mafurushi, yakaenda mashuleni.

Mwaka haukuisha, binti wa yule kaka, msichana wa miaka saba ambaye baada ya shule alishinda kwa bibi yake, akaanguka jikoni. Kifafa. Bibi akafanya alilolijua. Mtoto alipopelekwa zahanati alikuwa na fizi iliyochanika, na shangazi yake, Je Wajua, ndiye aliyemshika mkono. Muuguzi aliangalia mdomo ule, akauliza mmemfanya nini. Je Wajua akaeleza habari ya kijiko bila wasiwasi wowote, tena kwa fahari kidogo.

Muuguzi hakupiga kelele. Alieleza polepole, kama anayeeleza kwa mara ya mia. Ulimi haumezwi, umeshikwa kwa chini. Mtu wa kifafa hatiwi chochote mdomoni, anavunjika meno, anaweza kupaliwa na kipande. Unamwondolea vitu vigumu, unamwekea kitu laini chini ya kichwa, unamlaza ubavu, unatazama saa. Mara nyingi kinapita chenyewe kwa dakika moja au mbili. Kikizidi tano, mlete mbio.

“Siwalaumu ninyi,” muuguzi akamaliza. “Siku hizi kimeandikwa mpaka kwenye madaftari ya watoto. Ningempata aliyekiandika.”

Je Wajua alitazama sakafu. Aliona aibu iliyomwasha masikio.

Kesho yake alikwenda kwa msimamizi na kumwambia jalada lina kosa. Msimamizi alisema mbona ni mistari mitatu tu, nani husoma nyuma ya daftari. Alipoona hatoki mlangoni, akasimamisha mashine, na lile neno likafutwa. Lakini maji yakimwagika hayazoleki. Maelfu yalikuwa yameshatoka, kwenye mikoba, kwenye madawati, na kila alipopishana na mtoto mwenye daftari kwapani aligeuza uso.

Kubwa zaidi lilikuwa nyumbani. Mtoto alikuwa ametoka tu kuota meno mawili mapya ya mbele, yale ambayo yakishaondoka hayaoti tena. Anashinda kwa bibi, na bibi ana kijiko mfukoni. Kumwambia bibi akiache ni kumwambia jingine ambalo halijasemwa. Je Wajua alijua hilo, ndiyo maana siku tatu zikapita anafungua mdomo na kuufunga.

Akaenda kwanza karakanani kwa kaka yake. Akamkuta ameinua barakoa ya kuchomelea, anakunywa maji. Akamweleza yote, ya muuguzi na ya jalada. Kaka hakushtuka. Aliifunga chupa.

“Najua,” akasema. “Daktari wa meno aliniambia. Ina miaka kumi sasa.”

Je Wajua alimtazama asiamini. Akamuuliza kwa nini hakusema. Kaka akajibu kwamba angesema nini? Mama hakulala miaka sita kwa ajili yake, aende amwambie ulikuwa unaniumiza? Akanyamaza, kila Jumamosi akaenda kumwamkia na kula kwake, na kisa cha kijiko kikisimuliwa kwa wageni aliitikia kwa kichwa. Hakujua kwamba kitu chenyewe kingerudi kwa mwanawe. Na hata mtoto alipochanika fizi, ulimi ulikuwa mzito.

“Mwambie wewe,” akasema. “Wewe umezoea. Mimi sitaweza, dada yangu.”

Alizoea wapi? Kumwambia mtu kwamba pweza ana mioyo mitatu si sawa na hili. Alirudi nyumbani amemkasirikia kaka yake, na amejikasirikia zaidi, akamkuta mama yake sebuleni anakunja nguo, na mtoto mkekani anaandika kazi ya shule. Akaketi. Akamwambia kwa adabu zote kwamba zahanati wamesema kijiko hakifai, kinaumiza. Mama yake hata hakuacha kukunja. Alisema hao wauguzi wa leo hawajazaa, wamesoma tu. Yeye amezaa, na mwanawe yuko hai.

“Mama, ulimi haumezwi.”

Mama alimnyang’anya mjukuu wake daftari, akaligeuza, akamwekea binti yake mapajani. “Si wewe unayeamini maandishi? Soma hapo.”

Alisoma herufi alizozichagua mwenyewe. Jamani, kuna adhabu za kila namna.

“Hayo nimeyaandika mimi, Mama. Ndiyo kazi yangu, hicho kisanduku. Na niliyatoa kwako. Hakuna kitabu. Ni wewe na mimi tu.”

Mama alisimama na shati mkononi. Akasema basi leo yeye ndiye amekuwa mwongo kwenye nyumba yake. Akasema mtoto umleavyo ndivyo akuavyo, na huyu wake amemlea vibaya. Maneno yalikuwa yanakuja kwa kasi, na yangeendelea, ila mtoto mkekani alitoa sauti moja fupi na kalamu ikaanguka.

Alikuwa amekakamaa, macho yamegeuka, mikono inapiga mkeka. Bibi, na miaka yake yote, alifika kabla ya shangazi. Mkono ulikuwa umeshaingia mfukoni na kutoka na kijiko, kidole gumba kikitafuta pa kupenya kati ya meno. Je Wajua alimshika mkono ule kwa mikono yake miwili. Hakuwahi kumshika mama yake kwa nguvu tangu azaliwe. Mama alivuta, akamwita muuaji. Binti hakuachia.

“Tazama saa, Mama,” alikuwa anasema huku analia. “Nakuomba. Tazama ile saa tu.”

Sijui ni kwa nini alikubali. Labda kuchoka, labda kuona binti yake analia, maana binti huyo hakuwa mtu wa kulia. Aliacha kuvuta. Je Wajua akamgeuza mtoto ubavu, akamtia mashati yaliyokunjwa chini ya kichwa, akakisukuma kigoda mbali. Bibi alipiga magoti pale pale, ameukodolea macho mshale mwembamba wa saa ya ukutani. Ulizunguka mara moja. Mate yalimtoka mtoto, na bibi akaguna kwa woga, lakini hakusogea. Mshale ukafika nusu ya mzunguko wa pili, mikono ikalegea, kifua kikashuka na kupanda, na mtoto akavuta pumzi ndefu ya mtu anayelala. Mdomo ulifunguka wenyewe. Meno mawili mapya yalikuwapo.

Mama alimfuta mtoto mate kwa pindo la nguo yake, akamfunika. Je Wajua alingoja atukanwe tena.

“Dakika moja na nusu,” mama akasema. “Na kaka yako pia, ingekuwa hivi?”

Maisha yake yote alikuwa hajaacha neno la uongo lipite mbele yake. Siku hiyo angetoa chochote aliache hili moja.

“Ndiyo, Mama.”

“Anajua?”

“Anajua.”

“Tangu lini?”

Akamwambia ni miaka kumi. Mama alikitazama kiti cha mwanawe cha upande wa dirisha, ambacho hakuna mtu mwingine aliyekikalia.

“Miaka kumi,” akasema. “Na kila Jumamosi anakuja, anakaa pale, ananiambia asante mama kwa chakula.”