Mwanangu msomi amenyunyizia mahindi ya mjane

Admin, nifiche vizuri. Hapa Lugari kila mtu ako na simu.

Mimi ni mama wa miaka hamsini na sita. Shule niliachia darasa la saba, lakini nimezaa msomi. Kifungua mimba wangu ana digrii, amekaa Nairobi kwa ofisi mpaka kazi ikaisha, bibi yake wa ndoa naye akaenda kwao. Mwezi wa nne akarudi nyumbani na sanduku la magurudumu, likakwama kwa matope.

Tumecheka jamani. Siku moja alinipigia simu akiwa chooni: "Mama, kuna jogoo hapa mlangoni, ananiangalia vibaya." Akipita karibu na ng'ombe, anamwambianga "samahani". Lakini mtoto ni mtoto, na mimi kwa chama chetu cha akina mama niliwaambia, "Ngojeni muone ukulima wa kisomo."

Jirani yangu mjane akaniamini. Viwavi vilikuwa vinamaliza mahindi yake, akaomba kijana amnyunyizie dawa. Nikasema aanzie huko, sisi tutafuata, watu waone mtoto wangu ana roho nzuri.

Asubuhi hiyo alikuta pampu ya mgongoni imejaa, akadhani baba yake amemchanganyia. Kumbe mzee alikuwa ameweka ile dawa ya kuunguza nyasi, atengeneze kando ya ua. Mkulima angeuliza. Wangu alibeba tu, akipiga mluzi. Shamba ni dogo, pampu hiyo moja ikalimaliza lote.

Sasa mahindi ya mjane yamekauka kama yamemwagiwa maji moto. Yetu ni kijani. Kupanda tena, msimu umepita, na ako na watoto wanne.

Mzee alipoona pampu tupu aliniambia ilikuwa na nini. Nikamwambia, "Baba, tunyamaze. Majirani wakijua watamfukuza, na hana pengine pa kwenda. Hata kula ameanza kuacha kwa mawazo."

Akanijibu, "Wewe ndio ulimtangaza. Nenda umwambie mjane kwa mdomo huo huo."

Kijana mwenyewe hajui. Anafikiri viwavi vilishinda dawa. Mjane naye anafikiri ni ugonjwa umeingia. Jana alituma mayai kwa kikapu: "Mpikie msomi wetu, apate nguvu aje aniangalizie ni ugonjwa gani."

Mayai yako hapa mezani, na kijana ananiuliza mbona sipiki. Ndugu zangu, wazazi wenzangu, nianze kumwambia nani?