Mwendo wa Bibi wa Katuni

Nimechora katuni za televisheni kwa miaka sita, na kwa miaka yote hiyo mama ameliona jina langu kwenye kioo mara moja tu, tena limekosewa.

Kazi yangu ni kuifanya michoro itembee. Mwenzangu mmoja humchora mhusika akiwa amesimama, mwingine humpa sauti. Mimi huchora picha baada ya picha mpaka ainue mguu, akanyage, ageuke. Katika kipindi chetu kuna bibi anayegombana na mbuzi wake sokoni, na mwendo wake niliuiba kwa mama. Mama huuza mboga soko la Jericho. Goti la kushoto humsumbua, kwa hiyo huutupa mguu nje kidogo kisha akauvuta kama anayeukaripia. Nilikaa wiki nzima mbele ya meza yake na daftari, akinifukuza: "Mwanangu, unanizibia wateja!"

Kipindi kilipoanza aliwaita majirani nyumbani. Bibi alipotokea tu, mama akaruka. "Haki ya Mungu, huyo si mimi?"

Tulicheka mpaka majina ya waliotengeneza kipindi yakaanza kupita. Dereva yumo. Aliyepika chai yumo. Mimi simo. Jirani akaniuliza kwa upole ulionichoma, "Kwani wewe hufanya nini huko hasa?"

Kesho yake nilimfuata bosi wetu ofisini, Komarock.

"Pole, dada. Nafasi haikutosha."

"Na wa chai?"

"Yeye aliomba mapema."

Basi nikaomba mapema. Niliomba kwa barua, kwa simu, na ana kwa ana kwenye ngazi. Msimu wa pili wakaniweka mwisho kabisa, chini ya "Shukrani", na herufi moja ikarukwa nikageuka mwanamume. Mama alisogea hadi kwenye kioo. "Huyu naye ni nani?"

Msimu wa tatu bosi akaja akitabasamu. Alitaka nichore majina ya mwisho wa kipindi yakicheza, kwa kuwa eti mkono wangu ni mzuri. Nikaisoma orodha. Simo!

"Jina langu naliandika mwenyewe," nikamwambia, "na ukiliondoa, tafuta mtu mwingine wa kumtembeza bibi."

"Sawa basi, usikasirike."

Niliandika herufi zote, kubwa, za manjano. Siku ya kipindi tukakaa tayari, mama akiwa amevaa miwani. Bibi akamkamata mbuzi, muziki wa mwisho ukaanza, na papo hapo kituo kikakata na kuweka tangazo la mafuta ya kupikia.

Mama alizima televisheni kwa kishindo. "Njoo sokoni kesho. Nitawaambia mwenyewe."

Akawaambia kweli, mteja mmoja baada ya mwingine, huku akikata sukuma wiki: "Yule bibi wa katuni, huyu ndiye humtembeza." Nilisimama pale nikiona haya, na furaha kidogo. Mteja wa nne, mama mmoja mwenye kikapu, akanishika mkono.

"Kumbe ni wewe! Hebu tutolee ile sauti yake."