Saa Niliyoifuta Ukutani

Niseme mapema: hasira zangu ziko karibu, na sikuziazima kwa mtu. Marehemu baba alikuwa akichora majina ya maduka huku Kisauni, na alipofariki aliniachia brashi zake na kopo moja la rangi ya saa. Rangi hiyo huchorei duka. Unachora nayo kile kinachotokea mbele yako, na ikikauka, saa ile inabaki ukutani. Ukipitisha kitambaa chenye maji inaamka, unaona na kusikia kila kitu. Na ukiifuta kwa mafuta ya taa ukachora vingine, basi mambo yanakuwa yalitokea hivyo ulivyochora, na wote waliokuwepo watakumbuka hivyo, isipokuwa wewe mwenye brashi. Baba alinikataza kugusa saa iliyokwisha kukauka. Nikamwitikia tu, masikio yangu yako kwengine.

Ijumaa moja baada ya chakula cha mchana, nyumbani kwetu Mtopanga, nikaanza kuichora sebule, nijaribu kama rangi ingali nzima. Mume wangu amejilaza mkekani. Binti yetu wa miaka kumi na minne, mmoja tu niliyejaliwa, yuko uani anaosha vyombo. Nikamwita aniletee maji. Nikamwita tena. Mara ya tatu ndipo aliponijibu, "Nini tena, mama? Mikono si ninayo miwili tu?"

Mwenzangu, mtoto wa kike wa kwetu huitwa akaitika abee. Damu ilinipanda. Babake naye alicheka mpaka akakohoa, akaniambia hapa nimejizaa mwenyewe, na kicheko chake kikanizidisha wazimu. Nikamwaga yote: hana adabu, ataniaibisha ukweni, watu watasema hakufunzwa. Akaja akasimama mlangoni na povu mikononi, akasema abee, abee, abee, haya umetosheka? Hapo nikamwambia, "Nitokee mbele yangu, sitaki kukuona." Na brashi iko mkononi, rangi inanywa kila neno.

Homa ilimshika Jumatatu. Alhamisi tukamzika. Katikati hapo nilimnywesha uji, nilimpoza kwa leso yenye maji, lakini radhi sikumwomba. Kwetu mzazi hamwombi mtoto radhi, na mimi nilidhani siku zipo.

Matangani mume wangu alikuwa akiwahadithia watu kile kisa cha mikono miwili, analia huku anacheka. Mimi nilikuwa nikisikia maneno yangu ya Ijumaa ile tu. Yalikuwa pale ukutani, nyuma ya migongo ya wageni, na sikuweza kuvumilia kukaa nayo nyumba moja.

Arubaini ilipopita nikachukua mafuta ya taa. Wallahi sikutaka kumgusa yeye. Nilifuta maneno yangu tu, nikajichora mdomo umefumbwa. Ilipokauka nikapitisha kitambaa: mdomo ukafunguka, yakatoka yale yale. Nikafuta tena, na tena. Jibu lake lilikuwa bado lipo, na mimi ni yule yule. Akinijibu vile, nitamfokea vile. Wa kubadilika nilikuwa mimi, na sikubadilika. Basi nikambadilisha yeye. Nikamchora akiitika abee wito wa kwanza, akija na maji, kichwa ameinamisha.

Nilipoiamsha, alikuja, akaweka maji, akaondoka. Hakuna aliyefoka. Hakuna aliyecheka. Nilimtazama yule msichana mara nyingi, ana sura ya mwanangu na sauti ya mwanangu, na sikumjua. Nikajaribu kulirudisha jibu lake la kwanza, lakini nililichora kwa kukumbuka, na lilitoka kwa sauti yangu mimi, halina uchokozi hata chembe. Nikalifuta, nikamrudishia ile abee. Rangi ikaishia hapo.

Nikakimbilia simu, kwa zile sauti alizokuwa akinitumia za kunichokoza. Zote sasa zinaanza na shikamoo. Kumbe rangi haikuishia kwenye ile saa: ili mtoto aitike vile Ijumaa ile, ilibidi awe ameitika vile tangu alipojua kusema.

Alasiri ile nikamwuliza mume wangu kama anakikumbuka kicheko chake. Akaniuliza kicheko gani. Mtoto alileta maji, basi. Nikamweleza yote, mikono miwili, povu, abee tatu za kunikejeli. Nilimweleza nikilia, nikamshika kanzu, nikamwomba akumbuke japo kidogo, maana nisipokuwa na mwenzangu wa kumkumbuka, mwanangu nimemzika mara mbili. Alinisikiliza mpaka mwisho, akanifuta machozi kwa kiganja chake.

"Mwanangu hakuwa hivyo," akasema. "Kumbe wewe hukumjua."

Akavaa kofia yake, akaenda kuswali.