Nilivyomtania Afisa wa Nyambizi

Mama anatunza wazee majumbani mwao, na mmoja alikuwa anakaa jengo letuletu hapa Etobicoke, Toronto, chini yetu kidogo. Mjerumani, aliyefiwa na mkewe, mrefu kama mlango, na wakati wa vita kuu ya pili alikuwa afisa wa jeshi la majini la kwao. Nikitoka shule nilikuwa nampitia mama kwake. Siku ya kwanza nikasema, "Shikamoo, babu." Akauliza maana yake. Nikamwambia ukiamkiwa hivyo unatakiwa kutoa biskuti. Mama alinifinya, lakini biskuti nilipewa.

Baadaye nikamweleza habari za utani. Kwetu makabila yaliyopigana zamani, leo ni watani. "Nyie mlikuja kwetu na mizinga, mkatutawala. Kwa hiyo wewe ni mtani wangu. Nakusema ninavyotaka na huruhusiwi kununa."

Akafikiria kwa uso wa kijeshi. "Mkataba mzuri," akasema.

Basi ikawa kila siku. "Nahodha, leo umezamisha nini?"

"Supu," ananijibu, ananionyesha shati.

Maisha yake yote niliyapata hivyo, kwa vipande, katikati ya utani. Alizaliwa kwenye mji wa bandari, akaingia chuo cha wanamaji kwa sababu kuna msichana alipenda sare. Msichana akaolewa na muuza nyama. Yeye akapelekwa kwenye nyambizi, akapanda mpaka akawa msaidizi wa nahodha. Humo ndani, alisema, watu walinuka dizeli na soksi, na mkate uliota manyoya. Akiniigizia, anaweka ngumi mbili machoni kama darubini, anaizunguka sebule polepole, kisha anafyatua torpedo, lile kombora la majini, kwa rimoti ya tivii. Mwishoni nyambizi yenyewe ikapigwa, meli ya Kanada ikawaokota, akafungwa kambini kaskazini mwa Ontario. Vita ilipokwisha akarudishwa kwao, akaikuta nyumba ni kifusi, akahamia Toronto kuwa fundi makabati.

Kuna kipande kimoja alinisimulia mara moja tu, akiangalia dirishani: watu walioachwa majini. Mimi nikasema, "Babu, wewe kivuko cha Kigamboni wasingekuajiri." Alicheka, ila alichelewa kucheka. Nililiona hilo, nikaendelea kula biskuti.

Nilimwambia pia kwamba msibani kwa babu yangu, Tabora, mtani alivaa koti la marehemu, akaigiza mwendo wake na alivyokuwa anakoroma, watu wakacheka mpaka wakalia vizuri. Macho ya mzee yakawaka. "Nikifa utanifanyia hivyo. Wasije wakasinzia."

Alikufa wakati wa theluji. Binti yake akaja kutoka Mississauga, akazungumza na mama mlangoni, mimi nikiwa palepale. "Wanangu wanajua babu yao alikuwa fundi makabati, basi. Habari za vita sizitaki kwenye mazishi."

"Umesikia?" mama akaniuliza.

"Nimesikia."

Na kweli nilisikia. Lakini mzee mwenyewe alikuwa ameniomba, na mimi, tuseme ukweli, nilikuwa nimeshafanya mazoezi mbele ya kioo.

Kanisani watu walikaa kimya, mikono mapajani. Mchungaji akasifu makabati. Akauliza kama kuna mwenye neno. Mama alinishika sketi, nikachomoka.

Nikatembea mbele nikichechemea kama mzee alivyokuwa akichechemea. Nikaweka ngumi machoni, nikageuka polepole, darubini ikamwangukia mchungaji na kitambi chake. "Meli kubwa! Imepakia keki! Torpedo ya kwanza, piga!"

Tabora wangegaragara. Pale nilisikia mabomba ya joto tu yakigonga ukutani. Aliyecheka alikuwa mmoja, mjukuu wa marehemu, mtoto wa darasa la pili hivi, aliyepoteza meno ya mbele. Kisha akauliza kwa sauti kanisa zima likasikia, "Mama, babu alikuwa anazamisha meli?"

Binti wa mzee aliinamisha kichwa, na shingo yake ikawa nyekundu mpaka masikioni. Nilirudi kwenye kiti changu nikiwa bado nachechemea, sijui kwa nini.

Baada ya ibada mama alinivuta mkono mpaka jikoni mwa kanisa. "Umeniaibisha mpaka sijui uso niuweke wapi. Osha vikombe. Usifungue hilo domo lako."

Nikaosha. Mlango ukafunguliwa, akaingia binti wa mzee na mtoto wake. Nilijua nitatukanwa, na ningeshukuru.

"Anauliza watu wa kwenye hizo meli walikwenda wapi," akasema. "Mimi baba hakuniambia kitu maisha yake yote. Wewe alikwambia. Haya, mjibu."

Utani ulinijia mdomoni, wallahi, kitu kuhusu samaki. Niliusikia unakuja, nikaona haya mbele ya yule mtoto zaidi kuliko nilivyoona kanisani.

Nikamwambia walikuwa wanaogelea. Kwamba nyambizi ilipanda juu, babu yake akasimama pale juu, na nahodha akaamuru wasimchukue mtu.

"Babu aliwaona?"

"Aliwaona. Mmoja alikuwa karibu kabisa. Alinyoosha mkono, akasema asante."

"Kwa nini aseme asante?"

Nilimtazama mama anisaidie. Akatazama vikombe.

"Alidhani wanakuja kumtoa," nikasema. "Kisha wakaondoka."

Binti wa mzee akakaa juu ya kreti la soda, na nguo zake nzuri za msiba. "Endelea," akasema. "Nini kingine alikwambia?"

Mama akafunga bomba la maji. Nikaanza na ule mji wa bandari.