Sauti ya Ramlo Kwenye Kaseti

Mwaka 1996 Ramlo alikuwa akiuza maziwa ya ngamia sokoni Garissa. Alikuwa amerudi kwa mama yake, mtaa wa Waberi, baada ya mumewe kumvunja mkono. Siku moja alikwenda kwenye duka la taar, ile redio ya kuzungumzia na jamaa wa mbali, akamweleza yote dada yake aliyekuwa Mandera: kipigo, maumivu, na kwamba harudi tena kwa yule mwanamume.

Guleid, mwenye redio, alikuwa amebonyeza kinasa sauti.

Haikupita wiki, kaseti ikawa inachezwa kwenye hoteli za chai. Wanaume walirudisha mkanda nyuma pale Ramlo alipolia, wasikie tena.

Noordin, adeer wake, yaani baba yake mdogo, alikuja nyumbani na uso umemkunjamana.

"Nenda Sangailu kwa shangazi yako, mpaka watu wasahau."

"Kwani nimeiba nini, adeer?"

"Hujaiba. Lakini jina letu liko midomoni mwa watu. Sisi wanaume tumeshaongea na akina Guleid. Watachinja mbuzi wa suluhu, yaishe."

"Aliyeaibishwa ni mimi, na mimi sijala mbuzi wa mtu."

Alijitanda shungi, akatoka. Mama yake akamfuata, na wauza maziwa wenzake wakaacha vibuyu vyao wakaungana nao. Noordin naye akaja nyuma, akimsihi arudi. Waliingia hoteli iliyokuwa jirani na duka la Guleid, adhuhuri, imejaa watu.

"Zima hiyo kaseti," Ramlo alimwambia mwenye hoteli. Ikazimwa. "Mmenisikia kwenye mashine. Sasa nimekuja mwenyewe. Ndiyo, nilipigwa. Ndiyo, nililia. Nani ana swali?"

Guleid, aliyekuwa akinywa chai pembeni, alijikaza.

"Taar inasikiwa na kila mtu, Ramlo. Hewani hakuna siri."

"Aliyesikia kwa bahati, amesikia tu. Wewe ulininasa, ukanakili, ukauza."

Kisha Noordin, ambaye hakuna aliyemtarajia, akapita mbele.

"Guleid, lete kaseti zote."

Zikaletwa. Ramlo alivuta utepe mmoja mmoja mpaka meza ikafunikwa, halafu akamngojea Guleid.

"Nilimkosea," Guleid alisema.

"Waliokaa mlangoni hawajasikia."

Akarudia kwa sauti.

Kaseti nyingine zilikuwa zimeshafika Dadaab, na Ramlo alijua hazitarudi. Hata hivyo, kesho yake alikuwa sokoni, akiita wateja kama kawaida. Alipotaka kuongea tena na dada yake, alikwenda duka lingine, akamwambia mwenye duka aweke kinasa sauti juu ya kaunta, kikiwa wazi, hakina kaseti. Wanawake waliokuwa kwenye foleni walimwona. Mwaka ulipokwisha, hakuna mwanamke wa Waberi aliyeshika kipaza sauti kabla ya kuona kinasa kitupu mbele yake.