Kanzu Saba Ndani ya Nyumba Isiyotaka Pasi

Kanzu saba na joho moja zimefika Barking zikiwa zimekunjamana kama karatasi za kufungia maandazi. Harusi ni leo, saa nane mchana. Na katika nyumba anayokaa Zein Athman, pasi ni marufuku.

Saa kumi na mbili asubuhi, Jumamosi, mashariki ya London. Zein, mwenye umri wa miaka 49, amesimama bafuni akiwa na fulana na suruali aliyoikunja hadi magotini. Ametundika kanzu tatu kwenye bomba la pazia. Amefungulia maji ya moto mpaka mwisho, amefunga dirisha, na amesokota taulo bichi akalisukumiza chini ya mlango. Macho hayatoki kwenye saa.

"Dakika kumi," anasema. "Si tisa, si kumi na moja. Tisa, mkunjo hautoki. Kumi na moja, kengele yalia."

Kengele anayoisema iko darini, hatua mbili nje ya mlango wa bafu. Ni kidude cheupe cha duara, chenye taa nyekundu inayopepesa. Hakijui tofauti ya mvuke na moshi. Kikilia kimoja, vinalia vyote kumi na moja vya nyumba nzima.

Zein ameshaonywa mara mbili. Mara ya kwanza, mvuke wa nguo za Idi uliamsha watu wote. Mara ya pili, nguo alizozianika bila kuzikamua zilivuja hadi kwenye dari la jikoni. Mwenye nyumba alimwambia ya tatu haitakuwa onyo.

Dakika ya kumi. Anafunga maji, anafungua dirisha, anahesabu mpaka sitini ndipo anafungua mlango. Nje amesimama Chancelle, mpangaji wa chumba cha pili, mzaliwa wa Lubumbashi, mswaki mkononi.

"Papa Zein! Unaoga ama unapika mihogo mule?"

"Bado nne, dadangu. Nakupa dakika tano uoge, kisha nirudi."

"Dakika tano? Hata mume wangu hajawahi kunipimia maji."

"Ndiyo maana kakushinda."

Chancelle anacheka, anampiga na taulo begani, anaingia. Zein anakwenda chumbani mbio na kanzu tatu mikononi, amezibeba kama mtu aliyebeba mtoto aliyelala.

Chumba chake kina kitanda, kabati, na kamba nne zilizokatiza kutoka ukuta hadi ukuta. Hapo ndipo kazi yenyewe inapofanyika, kwa sababu mvuke huulegeza uzi tu. Anayenyoosha ni Zein. Anaipuliza kanzu maji kwa chupa ndogo, anaikung'uta mara tatu kwa nguvu mpaka inalia kama kofi, halafu anaivuta kwa viganja, akifuata mshono kuanzia begani kwenda chini. Havuti upande; ukivuta upande, anasema, kanzu inapinda na mvaaji anaonekana kama ameegemea ukuta.

Ukosi na kifua, penye darizi, hapavutwi. Hapo anachukua chupa ya kioo iliyojaa maji ya uvuguvugu, anaweka kitambaa juu ya darizi na kuibingirisha polepole kama anasukuma chapati. Kofia ya bwana harusi, iliyobonyea sandukuni, ameilowesha maji ya wanga na kuivisha sufuria ndogo iliyopinduliwa juu ya taulo. Inakauka karibu na dirisha, imesimama wima.

Watu wengi humuuliza kwa nini asipashe sufuria moto akapitisha juu ya nguo. Swali hilo humuudhi. "Hiyo si ni pasi tu, isiyo na waya? Nimekatazwa moto, sikukatazwa akili."

Katazo lenyewe lina sababu, na sababu hiyo ina alama. Kwenye zulia la ngazini kuna pembetatu nyeusi, ukubwa wa kiganja. Mwaka 2018 mpangaji mmoja aliacha pasi imelala kifudifudi akaenda kupokea simu. Jaspal, mwenye nyumba, Singasinga aliyezaliwa Nairobi na kuja Uingereza akiwa kijana, hajabadilisha zulia hilo mpaka leo. Anataka kila anayepanda ngazi alione. Jikoni amebandika karatasi: hakuna pasi, hakuna mishumaa, hakuna sigara.

Zein alihamia miaka sita iliyopita. Kazi yake ya mchana ni kuhudumia wazee majumbani huko Thamesmead: kuwaogesha, kuwavisha, kuwapa dawa. Analipwa pauni kumi na mbili na ushei kwa saa, na muda wa kukaa ndani ya basi kati ya mzee mmoja na mwingine haulipwi. Chumba ni pauni 650 kwa mwezi.

Wiki ya kwanza ya kazi msimamizi alimrudisha nyumbani kwa sababu sare yake ilikuwa na mikunjo. "Aliniambia nguo hii wailalia?" anakumbuka. "Nami kweli nilikuwa nimeilalia. Nilikuwa nimeitandika chini ya godoro, kama mamangu."

Mama yake, Mji wa Kale Mombasa, aliachana na pasi ya mkaa siku kaa liliporuka na kutoboa kanzu ya Idi ya baba. Tangu siku hiyo nguo za nyumba nzima zilivutwa kwa mkono zikiwa na unyevu, zikakunjwa, zikalaliwa. Zein alikuwa na miaka minane. Kazi yake ilikuwa kushika ncha ya pili.

Kosa lake na ile sare, anasema, ni kwamba aliitandika ikiwa kavu. Alianza kujaribu upya. Akajua kwamba pamba nzito inataka mvuke mara mbili, kwamba maji ya bomba ya London yana chokaa na huacha madoa meupe kwenye nguo nyeusi, kwa hiyo chupa ya kupulizia inajazwa maji ya dukani. Wenzake kazini wakaanza kumpa sare zao. Kisha wanaume wa pwani wakasikia kuna mtu Barking anayenyoosha kanzu bila kuunguza darizi. Sasa kanzu moja ni pauni nane, joho ni ishirini na tano.

Saa tatu na robo simu inalia. Ni Bi Mahfudha, mama wa bwana harusi, anapiga kutoka Thamesmead. Sanduku lilichelewa na ndege, likafikishwa kwa Zein jana jioni.

"Mwanangu Zein, zanyooka?"

"Zanyooka, mama. Nne tayari."

"Nne! Na hizo tatu zimekwenda Makka?"

"Zaja, mama. Mchukuzi naaje saa sita."

"Haya. Na udi usisahau, nimekutilia ndani ya mkebe. Mwanangu hatoki kwangu anuka sabuni ya Kizungu."

"Siwezi kusahau udi, mama. Mimi ni mtu wa wapi?"

Anakata simu na hatulii. Anazigusa kanzu moja moja. Anakwenda dirishani, mawingu yameshuka. Anarudi bafuni na zile tatu za mwisho, dakika kumi, dirisha, kuhesabu sitini. Darini taa nyekundu inapepesa, kimya. Mara ya mwisho anapotoka na joho, anaitazama kengele na kuitolea ulimi.

Saa tano na robo kila kitu kimenyooka. Joho jeusi limetundikwa mlangoni, nyuzi zake za dhahabu zimesimama, hakuna hata alama ya chokaa. Kilichobaki ni udi.

Zein anaweka kidonge cha mkaa kwenye chetezo kidogo cha udongo, anakipuliza, anatia vipande vitatu vya udi. Analitandaza joho juu ya viti viwili, chetezo chini yake. Kisha anafanya kile ambacho mama yake alikifanya maisha yake yote, na ambacho mtu yeyote wa kwao angekifanya bila kufikiri. Anafunga dirisha, ili udi usipotee.

Asubuhi nzima alikuwa akifungua dirisha la bafu kwa hofu ya mvuke. Kwa udi alilifunga la chumbani kwa mkono wake mwenyewe.

Kengele zote kumi na moja zinalia kwa pamoja.

Anazima kaa kwa maji ya chupa, chumba kinajaa moshi zaidi. Mlangoni watu wanapiga kelele. Zein anaondoka na kanzu saba na joho, hanga zimemning'inia vidoleni, kofia ameivaa kichwani mwake. Pasi ya kusafiria, simu na pochi vinabaki kitandani.

Nje mvua ya rasharasha imeanza. Wapangaji tisa wamesimama kando ya barabara. Tony, anayefanya kazi za usiku, ametoka na shuka la kitanda mabegani. Chancelle ana mwavuli mmoja, naye anaufungua juu ya kanzu.

"Chancelle, na sisi je?" analalamika Tony kwa Kiingereza.

"Sisi ni ngozi," anamjibu kwa Kiswahili. "Ngozi haikunjamani na mvua. Leta shuka hiyo!"

Tony haelewi maneno lakini anaielewa mikono. Shuka linashikwa pembe nne na watu wanne, kanzu zinakaa chini yake. Magari mawili ya zimamoto yanafika, wanaume wanapanda ngazi juu ya ile pembetatu nyeusi, wanashuka na chetezo kwenye ndoo. Jaspal anafika akiwa na slipa za nyumbani.

"Bwana Zein, ulipiga pasi?"

"Wallahi sikupiga pasi."

"Sasa huu moshi umetoka wapi?"

"Si moshi, bwana. Ni udi."

Jaspal anaangalia ndoo, anamwangalia yeye. "Kitu inawaka, inatoa wingu, kengele inalia. Unaitaje hiyo?"

"Moshi ni wa kuni," anasema Zein, sauti imeshuka. "Kwetu udi ni udi."

"Hata mama yangu Nairobi alikuwa anawasha ubani kila jioni. Lakini nyumba ilikuwa yake." Jaspal anavuta pumzi. "Nilikuambia ya tatu haitakuwa onyo. Nina watu tisa hapa, ndugu yangu."

Zein hakubishana. Hata leo, siku kumi baadaye, akifunga vyombo kwenye maboksi, hasemi kwamba alionewa. "Moto ungekuwa wa kweli, wangekufa watu," anasema, akisimama, akikaa, akisimama tena. "Na mimi nilifunga dirisha."

Saa sita kamili gari la harusi lilifika, likazichukua nguo pale pale kando ya barabara. Usiku huo Bi Mahfudha alimpigia. Alisema wageni waliuliza kanzu zimenyooshwa wapi, na harufu ya udi ilikuwa imekaa kwenye joho.

Mpango wa Zein haujafa. Mtaa wa pili kuna duka la sari la mama mmoja wa Kigujarati, Sonal, ambaye alimwahidi kona ya nyuma yenye dirisha kubwa na isiyo na zulia. Hapo angeweka mashine ya mvuke, anyooshe kanzu, sari na magauni ya kwaya, aache kuwaogesha wazee kwa siku mbili za wiki. Ilikuwa aanze Januari. Kodi ya kona ya miezi mitatu na mashine ni pauni 900. Sonal amesema kona itamngoja, ila hakusema mpaka lini.

Hesabu ya Jumamosi ile anayo kichwani, wala hahitaji kalamu. Kanzu saba, pauni hamsini na sita. Joho, ishirini na tano. Kofia, nne. Jumla, themanini na tano. Saa za kazi, sita. Mikunjo iliyobaki, hakuna.

Upande wa pili: chumba cha miaka sita, notisi ya siku ishirini na nane. Chumba kipya, kodi na amana, pauni 1,500. Akiba ya miezi kumi na minne, pamoja na hiyo themanini na tano, pauni 1,600.

Imebaki mia moja.